Bibi Akishuka Ngazi

Jioni ile ngoma ya adui, ng'ambo ya mto, ilipokuwa inawaambia watu wao wakalale, bibi yake Asahel alishuka ngazi.

Asahel akaacha kijiko ndani ya maharage. Hatua mbili za haraka, kimya kidogo, halafu fimbo: ta-ta… du.

Bibi alikuwa kaburini kwao Vermont, mbali kaskazini, miaka mingi, na hata alipokuwa hai hakupenda safari. Lakini pigo lile la ngoma ya ng'ambo lilizaliwa jikoni kwao, juu ya kitako cha ndoo ya maziwa. Kaka yake Asahel, Orrin, ndiye aliyelitunga, amdhihaki bibi na mguu wake mbovu, akamfundisha Asahel, na wote wawili wakachapwa kwa fimbo ileile. Duniani kote pigo hilo lilijulikana na watu wawili tu.

Na Orrin alipotea kwenye mapigano ya kiangazi. Kwenye maiti hayumo, kwenye majeruhi hayumo. Wenzake wakamlilia, wakashika kofia mkononi, kisha wakagawana soksi zake. Katika jeshi lile kila askari alibeba nusu ya hema, akatafuta mwenzake waunganishe vifungo. Nusu ya Orrin ilipotea naye. Asahel akabaki na nusu yake, upande wa pili akilala na upepo.

Kikosi kilikuwa na wapiga ngoma wawili, yeye na Orrin, sasa kikawa na mmoja. Siku ile Asahel aliapa hatalipiga pigo la bibi mpaka Orrin arudi. Shajara yake nayo, ambayo zamani ilikuwa ya mvua na matope na nani kaiba kuku, aliigeuza kuwa maongezi na kaka yake. Jioni ile aliandika: "Nimekusikia. Wamekukamata, wanakupigisha ngoma yao. Vumilia."

Ikawa ndiyo kawaida. Jua likizama, Asahel anapiga yake, wakimaliza hapa wanaanza kule, na bibi anashuka ngazi. Asahel akawa anasubiri ngoma ya adui kama wenzake wanavyosubiri barua. Yeye barua hakuwa nazo.

Sajini hakupendezwa. Alimwuliza kama ana msumari kwenye kiatu, mbona ngoma yake inachechemea.

"Ni baridi, Sajini. Vidole vimekufa ganzi."

"Basi vivishe soksi."

Kisha tumbo likamshika. Jeshi ni jeshi, likikosa risasi litakuua kwa maharage. Siku kadhaa alilazwa kwenye hema la wagonjwa, na Sajini akashika ngoma mwenyewe, akawa anapiga kama mtu anayefukuza kuku. Asahel alitega sikio ng'ambo. Jioni ya kwanza, ngoma kavu. Ya pili, kavu. Bibi hakushuka.

Mgonjwa akalia kwa furaha mpaka aliyelala jirani akadhani anakata roho. "Umejua kwamba naumwa," aliandika. "Damu ni damu." Na jioni aliyorudi kwenye ngoma yake, ng'ambo hawakumaliza kupiga kabla bibi hajashuka, tena kwa mbwembwe.

Hapo akamsimulia Jotham yote, akamwomba amvushe akakae na kaka yake. Jotham alikuwa askari mwenye maneno mengi, aliyekuwa akivuka kwa mtumbwi mdogo kubadilishana kahawa na tumbaku ya adui, maofisa wakijifanya vipofu. Jotham akamvuta pembeni.

"Mdogo wangu, mimi nikikamatwa ni mchuuzi. Wewe unayekwenda kukaa, ni mtoro. Mtoro anapigwa risasi mbele ya kikosi, na ngoma ya kumsindikiza ni yako. Sasa sijui utajipigia vipi."

Asahel akasema afadhali apigwe risasi ana ndugu kuliko kuishi na nusu ya hema. Jotham akamwambia asubiri Jumapili.

Jumapili, maofisa walipoinamisha vichwa kwenye sala, wakavuka. Kifuani Asahel alikuwa na shajara, Orrin asome yote aliyoambiwa. Mfukoni alikuwa na soksi za Orrin, jozi moja, aliyoikomboa kwa sukari yake kutoka kwa aliyerithi.

Ng'ambo, askari wa adui walipokea kahawa wakainusa kama marashi. Mmoja akauliza tangu lini kahawa inakuja na mtoto wake. Asahel akasema anamtaka mpiga ngoma wao.

"Tunaye mmoja tu," wakamwambia, wakaita.

Vichaka vikatikisika. Akatoka mzee wa ndevu nyeupe, miguu imefungwa kwa magunia, ngoma ikining'inia nyongani. Asahel akachungulia nyuma yake. Hapakuwa na mwingine.

"Mzee, lile pigo lako la jioni," akasema. "Aliyekufundisha yuko wapi?"

"Pigo lipi, mwanangu?"

Asahel akanyoosha mkono juu ya ngoma ya yule mzee, na kwa mara ya kwanza tangu kiangazi akavunja kiapo chake kwa kujua. Ta-ta… du.

Mzee aliitazama ile mikono. Kisha akacheka, mdomo mzima ukiwa na jino moja.

"Kumbe ndiwe mwenye ngoma inayochechemea! Zile jioni za yule wa kufukuza kuku nilidhani wamekuzika. Kaa hapa, unipigie polepole. Tangu mvua za kwanza nakuiga kutoka huku, na mpaka leo ile du ya mwisho inanitoroka."