Makopo Sita ya Mama Mkwe

"Sasa niletee yale makopo yangu matupu," mama mkwe alisema, akikung'uta viganja juu ya ungo. "Yote sita. Tuyajaze."

Mkono wa Kristina uliganda ndani ya majani makavu. Makopo yalikuwepo, yote sita, stoo, nyuma ya viroba vya mkaa. Tatizo lilikuwa moja tu: hakuna hata moja lililokuwa tupu.

Tumtendee haki kidogo. Kristina alikuwa mtoto wa mwanajeshi, amekulia kambini Ngerengere, nyumba ambayo kiungo ni kile cha paketi cha dukani. Ignas alipompeleka kwao Matombo, bibi harusi mpya, alimkuta mama mkwe, Mama Cecilia, akigeuzageuza majani yaliyoanikwa juu ya bati la banda la nguruwe. Kesho yake wakati wa kuagana akapewa kopo la maziwa ya unga lililojaa kiungo cha majani, mdomo umefunikwa kitambaa na kufungwa kwa kamba ya mgomba. Alilipokea kwa mikono miwili, goti chini. Njiani akajumlisha bati na kopo, akaamini kiungo kile kimeanikwa juu ya nguruwe.

Kutupa kazi ya mikono ya mzazi aliogopa. Kuila hakuweza. Akalificha stoo.

Mwaka huohuo mama alishuka Kihonda, nyumbani kwa Kristina, kwa ubatizo wa mjukuu. Alikula maharage ya Kristina, yaliyoungwa kwa kiungo cha paketi, akatafuna polepole, akamtazama mkwewe, kisha akaomba maji ya kunawa.

Tangu hapo, kila mwaka baada ya masika, kopo jingine lilishuka na gari la ndizi. Siku chache baadaye mama hupiga simu.

"Umekionaje cha safari hii, mwanangu?"

"Shikamoo mama. Kitamu kuliko cha mwaka jana!"

Kristina alikuwa hodari wa kunogesha maneno kuliko mchuzi. Kopo la tatu lilipokuja alipitiliza kabisa: alisema hicho kimefaa zaidi kwenye samaki, mpaka jirani amekuja kuuliza siri. Mama akacheka hadi akakohoa. Kristina alidhani ni furaha ya mzee kusifiwa. Ignas naye kila wakija wageni hujigamba, "Hapo mnakula mkono wa mama yangu," na Kristina huinuka kwenda jikoni kufuata chumvi ambayo ipo mezani.

Sasa mama alikuwa amekuja mwenyewe, na kikapu cha majani mabichi.

"Vidole vyangu vimeanza kukakamaa," alisema siku aliyofika. "Safari hii nataka wewe mwenyewe ujue kilichomo."

Kwa wiki nzima Kristina alifundishwa. Mrehani, rozimeri na majani ya mdalasini yalioshwa kwa maji matatu. Yalianikwa kivulini juu ya mkeka mpya, jua lisiibe harufu, yakafunikwa kipande cha chandarua nzi wasitue. Asubuhi hii yalipoanza kuvunjika yenyewe vidoleni, wakaketi uani kuyafikicha. Harufu ilipendeza mno, na Kristina akajikuta ameuliza.

"Mama, kule nyumbani si mnaanika juu ya banda la nguruwe?"

Mama Cecilia alimkodolea macho. "Chakula cha watu? Pale naanika nyasi za kuwatandikia hao nguruwe!"

Aibu ilimpanda Kristina hadi masikioni. Miaka yote hiyo! Kwa sababu ya matandiko ya nguruwe alikuwa amemdanganya mama wa watu kwenye simu na kumfanya mumewe kichekesho mbele ya wageni. Na kabla hajameza mate, ndipo mama akaagiza makopo.

"Nayafuata, mama," alijibu, akiinuka.

Alijua mama akiyaona yamejaa, na vifundo alivyofunga kwa mkono wake havijaguswa, atakunja mkeka wake na kurudi Matombo. Yeye Kristina atabaki na uso gani wa kumpa shikamoo tena? Akaingia stoo, akafunga mlango, akachukua kiroba kitupu. Atayamwaga yote, atayasuuza, atatoka nayo matupu kama mwanamke mwaminifu.

Alianza na la zamani kuliko yote. Alipofungua kitambaa, harufu ilimjaa puani: rozimeri, mdalasini, pilipili manga kwa mbali. Baada ya muda wote ule bado kilikuwa kizuri. Machozi yalimlenga. Alikimwaga huku akijichukia.

La pili alilifungua akiwa tayari amevuta pumzi. Hapakuwa na harufu. Alimimina kidogo kiganjani, akasogea dirishani. Yalikuwa maganda ya maharage, yametwangwa vizuri na kuchekechwa.

Akalifungua la tatu haraka, kamba ikimkata kidole. Nyasi. Nyasi kavu tupu, zimekatwakatwa.

Mlango ulifunguka nyuma yake. Mama Cecilia alisimama kizingitini, ungo mkononi. Alilitazama kopo, akamtazama mkwewe, wala hakuonekana kushangaa.

"Hicho ni cha juu ya banda la nguruwe," alisema kwa upole. "Ndicho ulichosema kinafaa zaidi kwenye samaki."