Kitabu cha Sebuleni

Kwa amri ya serikali, kila askari mstaafu alitundikiwa sebuleni kitabu cha vita vyake. Akiingia mgeni asiyejua, kitabu kilijisoma chenyewe kwa sauti: bwana huyu aliua akina nani, na wapi. Ndiyo maana kwa Koplo Sengasu wageni walikatika.

Leo jamaa wa kijana mmoja wamekuja kumposa binti yake, Tulizo. Sengasu akainama, akasubiri kuaibika. Kitabu kimya. Kwa furaha akashika birika mwenyewe awanawishe.

"Bahati yetu, kimeharibika," akamnong'oneza mkewe.

Mama wa kijana akasikia. "Hakijaharibika, mzee," akasema, mikono yake ingali chini ya maji. "Hakina la kutuambia sisi. Tulikuwepo."

Sengasu hakuinua macho. Akazidi kuinamisha birika, hata maji yalipokwisha.