Buluu ya Kufulia

"Jamani, hakuna mtu aliyeipaka anga buluu! Niseme mara ngapi?"

Shangazi Riziki alikuwa ameinamia beseni, akikamua kitambaa alichofungia buluu ya kufulia ili shuka ing'ae. Wifi yake alikuwa anarudi kesho kutoka kazini ng'ambo, na shuka hiyo ilikuwa ya kitanda chake.

"Mwanga wa jua una rangi zote ndani yake," alirudia. "Ukipita hewani, buluu inatawanyika kuliko nyingi kati ya hizo, inaenea kila upande. Ndiyo tunayoiona. Hewa yenyewe haina rangi."

"Kama haina rangi, mbona tunaiona?" akauliza Makame, mtoto wa kwanza wa wifi huyo.

"Yarabi! Wewe masikio umeyaazima wapi?"

Makame akacheka. Dada yake mdogo, Kibibi, hakucheka.

"Shangazi, mama alivyopita huko juu na ndege, si alirowa?"

"Alirowa nini tena?"

"Buluu. Kesho akija, nitamjuaje?"

Riziki akaiacha shuka. Mtoto huyu aliachwa angali ananyonya. Uso wa mama yake aliujua kwa picha tu.

"Hewa haimpaki mtu rangi, mwanangu. Hii tuliyomo ndiyo hiyo hiyo ya kule juu, na tunashinda ndani yake. Hebu nitazame mimi, nimegeuka buluu?"

Akauinua mkono wake juu ili wauone vizuri.

Kibibi akarudi nyuma kidogo, macho yake kwenye vile vidole vya buluu vilivyokuwa vikidondosha maji, na nyuma yavyo anga.