Kikombe cha Pili

Mwigizaji mzee alikuwa amesahau maneno yake, na maelfu ya nyumba za London zilikuwa zikimtazama. Thirza, mtunzi na mtayarishaji wa mchezo huo, aliliona hilo kwenye skrini ya chumba cha mitambo kabla ya wenzake: kikombe cha chai kilianza kutetemeka juu ya kisahani.

Mchezo ulikuwa ukienda hewani moja kwa moja. Kwa kawaida mwigizaji akisahau, fundi hukata sauti kwa kitufe, mnong'onezaji akamkumbusha maneno, na watazamaji wakadhani televisheni zao ndizo mbovu.

Kidole cha fundi kilikuwa tayari juu ya kitufe.

"Usikiguse," Thirza alisema.

"Bibie, mzee amekwama," mkuu wa idara alisema nyuma yake. "Si nilikwambia ubaki na vipindi vyako vya mapishi?"

"Kamera ya pili, msogelee," Thirza alisema kwenye kipaza sauti. "Nataka mikono."

Mikono ikajaa skrini. Mzee, ambaye katika mchezo alikuwa ameambiwa mwanawe amefia vitani, aliachia kikombe chake. Kisha akavuta kikombe cha pili, cha mwanawe, akakijaza chai, akakisukuma taratibu mbele ya kiti kitupu.

Fundi alitoa kidole kwenye kitufe, akajipangusa macho.

Mkuu alikuwa akipekua kurasa za mchezo. "Hii umeiandika wapi?"

Thirza alimpokonya karatasi, akazikata kwa mstari sentensi kumi na moja za mzee alizozihangaikia mwezi mzima, na chini yake akaandika: *Anamimina chai.*

"Hapo," alisema.