Maiti Aliyepiga Chafya

Baada ya vita, mkanda wa filamu ulikuwa adimu kuliko sukari, na Anselmi alibakiwa na dakika mbili tu za kumalizia filamu yake ya msiba. Alikwisha kutengeneza za vichekesho, za majambazi na za nyimbo, mpaka wenye studio wakambandika jina la Kinyonga. Safari hii walimwonya: asipowaliza watu, asirudi kwao.

"Haya, anza!"

Kamera ikanguruma. Odeta, aliyeigiza mjane, akapiga magoti kando ya jeneza, machozi yakimtiririka kwelikweli. Jenezani alilala mzee Teofili, mwoka mikate wa mji, amepakwa unga usoni kwa kukosa poda.

Marehemu akapiga chafya.

Unga ukatimka kama moshi. Odeta akaduwaa, kisha akamchapa na shada la maua. "We mzee! Hata kufa hujui?"

"Unisamehe, mama," akasema Teofili, akijiinua kitako. "Unga wa siku hizi vumbi tupu!"

"Si wako mwenyewe?"

Waombolezaji wote, watu wa mji ule, wakaangua kicheko. Tangu vita viishe, Anselmi hakuwahi kuwasikia wakicheka.

"Nizime?" akauliza Basili, mpiga picha. "Imebaki dakika moja."

Moyo ulimwenda mbio Anselmi kama siku ya filamu yake ya kwanza. "Thubutu! Odeta, mtoe humo mcheze dansi!"

"Msibani?"

"Msiba gani tena?"

Mjane akampa marehemu mkono. Wakaanza kuzunguka, weupe kwa unga, na mkanda nao ukizunguka, ukizidi kupungua.