Mawe Yanayooza

Kimea kilimpasukia mkononi kama jipu lililoiva. Maji ya kahawia yakamchuruzika mpaka kwenye kiwiko, na uvundo ukampanda puani moja kwa moja. Mama akakitupa ndooni, akatema mate nje ya dirisha, akageuka kwa hasira.

"Baba watoto! Waone wanao!"

Mumewe, fundi cherehani, hakuinuka kwenye kochi. Trei za vimea vyake zilikuwa zimemzunguka, dirishani na sakafuni. Vilikuwa vifupi, vinene, kila kimoja na majani mawili yaliyobanana, na hata ukivikodolea macho ungeapa ni kokoto za barabarani. Majirani walimtania wakimwita Bwana Kokoto. Mkewe hakuwahi kuvipenda. Aliviona kama kwato za mbuzi zilizokatwa zikapandwa. Kila mwaka vilipopasuka katikati, vitoto vikachomoza na kuwanyonya mama zao mpaka wakabaki ngozi tupu, yeye aligeuza uso. Lakini alivivumilia, maana havikunuka.

Sasa vilinuka. Kwa wiki kadhaa vilikuwa vikioza kimoja baada ya kingine, vikigeuka uji, na nyumba nzima ilinuka kama panya amefia ukutani.

"Umevimwagilia tena," mama alisema. Mchanga ulikuwa tepetepe. "Si wewe uliyenigombeza siku ile kwa tone moja tu la maji? Ulisema hivi vinaishi kwa kiu, vikishiba vinakufa."

"Mkono uliteleza."

"Uliteleza kwenye kila trei?"

"Maji yakimwagika hayazoleki, mama watoto." Akacheka peke yake.

Mama hakuona cha kuchekesha. Mwanaume aliyekuwa akipangusa vumbi la vimea kwa brashi ya rangi, leo amekuwa mzembe, na uzembe huo ulimtia kinyaa kuliko ule uji. Kushona hashoni; cherehani ameifunika shuka, eti wateja wamepungua. Chumbani halali, amehamia kwenye kochi, eti avilinde vimea vyake. Avilinde na nini, na wakati mwuaji ni yeye mwenyewe?

Alhamisi binti yao akapiga simu. Alikuwa amejifungua, na Jumamosi angemleta mjukuu wao wa kwanza.

"Ila mama, nisamehe," binti alisema. "Siku ile nilipokuja na mimba nilitapika hapo mlangoni. Mtoto bado mchanga sana. Kama bado kunanuka, nitafikia kwa mama mkwe."

Mama aliona moto. Mjukuu wake wa kwanza akaogeshwe na bibi wa upande wa pili, kwa sababu ya kokoto!

Kesho yake asubuhi alijifunga kitambaa puani, akaanza kubeba trei. Mumewe akamshika mkono.

"Chukua vizima vyote," alisema. "Mpe jirani, tupa, sitakudai. Niachie hivi vilivyooza."

"Umepatwa na wazimu?"

"Viwili tu. Viweke hapa, karibu na kochi."

"Samaki mmoja akioza, wote wameoza," mama alisema, akavizoa vyote, vizima kwa vibovu.

Mzee akatokwa na machozi. Mama aliyaona, na badala ya kumhurumia akazidi kumchukia. Mtu mzima na mvi zake, kulilia uozo!

Alivipeleka mwenyewe mpaka jalalani, mbali na nyumba. Akarudi akafua mapazia, akaanika mito juani, akasugua kuta kwa sabuni na dawa ya choo mpaka vidole vikamwasha. Alipofika kwenye kochi alimwambia mumewe ainue miguu apige deki. Akaiinua kwa shida, na viatu vyake vilivyofungwa kamba, maana siku hizi hata ndani havivui, eti sakafu ni baridi. Mama akapitisha tambara chini yake bila kumtazama usoni.

Jioni alifunga madirisha, akaketi, akavuta pumzi kwa raha. Sabuni. Sabuni na mapazia mabichi. Akajiona tayari amempakata mjukuu.

Kisha, chini ya sabuni, ukaja. Uvundo uleule, tena sasa mkali zaidi, kama uliokuwa umejificha nyuma ya mwingine. Akatazama chini ya zulia, nyuma ya kabati, akafunua hata cherehani. Hakukuwa na jani wala punje ya mchanga. Akapiga magoti, akafuata pua yake sakafuni, taratibu, mpaka pua ikamfikisha kwenye kochi.

"Nilidhani vimea vingetosha," mumewe alisema, macho yakiwa dirishani.

Mama akafungua kamba za kiatu. Soksi ilikuwa imegandamana na mguu, akaivuta polepole, akiogopa kumwumiza. Ilipotoka, ilitoka na kidole ndani yake, na mumewe akamwuliza mbona bado hajaanza kuvuta.