Mluzi Kwenye Phonie

Mluzi ulianza tena palepale mwanamke alipotaka kutaja njia.

"Baba, tutapitia—" ilisema sauti kutoka Mahagi, halafu mluzi ukaifunika kama kifuniko juu ya sufuria. Haukuwa mluzi wa mashini. Ulikuwa wa mdomo, wimbo wa kanisani uliopigwa ovyo ovyo. Lucien akavua vifaa vya masikio, akavitupa mezani.

"Ni yeye."

"Ni yeye," alikubali Pétronille, mama aliyeandika majina ya wateja kwenye daftari. "Lakini tuseme kweli, patron. Salamu anatuachia. Habari za matanga ya Mbuyi alituachia mpaka mwisho."

"Anangojea neno la maana, ndiyo anaharibu. Iko wivu tu."

Sauti ile ilikuwa ya Charlotte, binti wa pekee wa Lucien, aliyekuwa na mtoto mchanga ambaye babu yake hajamuona bado. Mahagi hapakukalika tena. Lucien alitaka waje Bunia, kwake mtaa wa Lumumba. Lakini ilibidi ajue siku na njia, akawangojee kwenye barrière, kizuizi cha watu wa silaha barabarani. Bila mtu wa kuwasemea, wasingepita. Wiki ya tatu hiyo hakupata siku wala njia. Alipata mluzi.

Na mluzi ule aliujua kama kikohozi cha baba yake mwenyewe.

Lucien hakurithi kitu. Alianza kwa kufungua redio za watu kwa kisu cha jikoni, amechuchumaa, hana hata kiti. Sasa alikuwa na poste za phonie, ile redio ya kusema mbali, katika miji sita, na vita vilipofunga barabara, phonie ikabaki ndiyo mdomo wa eneo lote la Ituri. Siri haikuwa nayo. Kuna bwana aliyemwomba mke wake msamaha kutoka Aru, poste zote zikacheka, na kesho yake sokoni wakamcheka tena.

Poste hizo hakuziendesha peke yake. Alikuwa akiona kijana mwenye mikono mizuri, anampa mashini, batri na panneau ya jua, wanagawana faida mpaka siku mashini inakuwa ya kijana. Wenye mali wengine walinunua nyumba. "Miye ninapanda watu," alikuwa akisema.

Wa kwanza kupandwa alikuwa Nathanaël. Miaka sita alikaa kwenye meza ya Lucien akiunganisha nyaya na kupiga mluzi, halafu akapewa poste ya Nyakasanza, mtaa mwingine wa Bunia. Na sasa, mwezi wa tatu huu, mti aliopanda mwenyewe unamchoma miiba.

Siku moja Nathanaël alikuja, akasimama mlangoni. Ndani walikuwamo watu wawili wa silaha, wanangojea batri yao ishibe moto.

"Baba Lucien, nilikuwa na neno moja."

"Sema."

Nathanaël akawatazama wale wawili. "Nilikuja kusalimia tu."

"Umesalimia."

Akaondoka. Pétronille akacheka puani. "Kwenye phonie simba, mlangoni kuku."

Hapo Lucien akakata shauri. Wakati ule mitaa ilibadilisha wenyewe kama nguo, na mwezi huo yao ilikuwa mikononi mwa komanda mmoja mpole wa maneno. Alimpa Lucien kiti.

"Mumunyanganye mashini tu," Lucien alisema. "Yeye mwenyewe musimuguse. Nilimulea."

"Muzee, mambo ya mashini tunayaelewa," alijibu komanda. "Rudia kazi yako."

Jumatano asubuhi frekanse ya phonie ilikuwa safi kama sahani iliyooshwa, mluzi hakuna.

"Baba, unanisikia?"

"Kama uko hapa mezani."

"Tunatoka kesho. Ni camion ya Kamate, lori ile ya bleu. Siye watu makumi mbili, wengi ni wamama. Barabara kubwa tutaiacha, watu wa silaha wanavizia magari kule, tutapitia njia ya mashamba ya kahawa, nyuma ya misheni ya zamani."

"Rudia njia, mama."

Charlotte akarudia.

"Mara moja tena. Polepole."

Akarudia neno kwa neno, na mtoto akalia karibu kabisa na mikro. Babu yake akacheka mpaka akajifuta macho kwa mkono wa shati, na wateja waliokuwa kwenye mstari wakapiga makofi.

"Wa Nyakasanza bado hajarudi kwake," Pétronille alisema chini chini. "Walimupeleka pamoja na mashini."

"Watamwachilia," alisema Lucien. "Niliwaambia."

Alhamisi alisimama kwenye barrière tangu saa sita mpaka jua lilipozama. Alikuwa amebeba blanketi dogo la njano. Camion ya bleu haikufika. Ijumaa haikufika. Jumamosi alikwenda kumwomba komanda watu wa kuitafuta njiani. Pengine gurudumu, pengine matope.

Komanda hakuwapo. Chumbani alikuwamo askari mmoja mwenye mvi, ameketi mbele ya phonie kubwa kuliko ya Lucien, daftari wazi magotini, limejaa saa na majina ya njia. Alipomwona mgeni akainuka kwa heshima, akamsogezea kiti.

"Karibu, muzee. Komanda alisema tukushukuru. Miezi tatu yule fundi wako alitufunika masikio, kila mara watu wanataka kutaja njia. Sasa tunapata zote. Na ile camion ya bleu, weye ulitusaidia sana: ulimwambia yule mama arudie mara mbili, hatukukosa hata neno."